Wewe Ulimwona?

Mama yule alikuja nyumbani Jumapili moja ya mwaka 2003, baada ya ibada ya pili, mvua ya masika ikiwa imekatika kidogo. Nilimsikia kabla sijamwona. Njia ya kuja kwetu ilikuwa ya udongo mwekundu, viatu vyake vilikuwa vimejaa tope, naye alikuwa akivigongagonga kwenye jiwe la mlangoni asije akachafua sakafu ya watu. Nikatoka. Nikamwamkia, akaitika marahaba bila kuniangalia usoni. Alivaa gauni lake la kanisani na khanga juu yake, na ndani ya khanga, kifuani, alishikilia kitu kama mtu aliyebeba yai.

Hakutaka chai. Alikaa ukingoni mwa kiti, akafungua khanga, akatoa kipande cha gazeti kilichokunjwa mara nne, akakikunjua juu ya meza yangu, pale pale ninapoandikia. Kilikuwa kimefungiwa maandazi dukani. Mafuta yalikuwa yamekilowesha hadi kikawa kinapitisha mwanga, na doa kubwa kuliko yote lilikuwa limetua kwenye shavu la kushoto la kijana aliyekuwa pichani. Kijana huyo alikuwa mwanawe. Habari iliyokuwa chini ya picha ilikuwa yangu.

Nilikuwa nimeandika kwamba msanii huyo wa hip hop wa hapa Arusha ameanguka jukwaani kwa sababu ya unga. Kichwa cha habari kiliwekwa Dar es Salaam na mhariri ambaye simtaji, wala gazeti silitaji, kwa kuwa maneno ya ndani yalikuwa yangu mimi, neno kwa neno, na jina langu lilikuwa juu yake kwa herufi nzito.

Mama akaweka kidole kwenye jina hilo. Akasema, "Mwanangu, wewe ulimwona?"

Nikaanza kueleza. Nikamwambia nilipata habari hiyo kwa watu wawili tofauti, kila mmoja kwa wakati wake, wala hawakuwa pamoja. Alinisikiliza hadi mwisho. Kisha akauliza tena kwa sauti ile ile, haikupanda wala haikushuka: "Nimekuuliza wewe. Ulimwona?"

Sikumwona. Usiku wa tamasha lile mvua ilinyesha sana, nikabaki nyumbani.

Ndipo aliponiambia kwamba mwanawe ana kifafa tangu akiwa na umri wa miaka tisa, kwamba amemhangaikia hospitali na kwenye maombi, na kwamba mtaani hakuna anayejua ila yeye, marehemu mume wake na dada yake mmoja. Mimi nikaruka haraka, nikasema basi gazeti litasahihisha, tutaandika kwamba alikuwa mgonjwa. Mama akashtuka kuliko alivyoshtuka mwanzo. Akakusanya kile kipande cha gazeti kwa mikono miwili. "Usiandike. Na hili usiliandike." Nikabaki nimekaa na uongo nisioweza kuufuta na ukweli nisioruhusiwa kuusema. Hadi leo hapo ndipo mahali pagumu kuliko pote nilipowahi kusimama katika kazi hii.

Nimezaliwa Sekei, nimelelewa Sekei, na dirisha la chumba ninachoandikia linatazama mlima. Asubuhi na mapema Meru huonekana wote, kilele hadi migomba ya chini. Ikifika saa nne mawingu yamekwisha kuufunika, na mgeni aliyeshuka basi muda huo anaweza kukaa siku tatu mjini asijue kuna mlima. Nilianza kuandika habari za wasanii mwaka 1997. Nilikuwa naandika kwa mkono, natia kwenye bahasha pamoja na picha, naipeleka stendi alfajiri kwa kondakta wa basi la Dar es Salaam na kumwomba Mungu ifike. Tulilipwa kwa habari iliyotoka. Isiyotoka haikuwa na senti. Ukiishi kwa mpango huo miaka michache unajua, bila kufundishwa na mtu, kwamba kijana aliyetoa wimbo mzuri hajai robo ukurasa, na kijana aliyefumaniwa anakwenda ukurasa wa mbele. Sikio halilali na njaa, wahenga walisema, na sisi tulikuwa wapishi wa sikio hilo.

Na bado naipenda kazi hii, nami nataka nielewe kwa nini. Miaka ile Arusha ilikuwa inachemka. Kijenge, Kaloleni, Ngarenaro, Unga Limited, kila mahali palikuwa na vijana kwenye fremu za vinyozi wakichana mistari juu ya biti ya kaseti iliyokwisha kukwaruzika. X Plastaz walikuwa wamefanya jambo ambalo hakuna aliyelitarajia: Merege, Mmaasai aliyevaa shuka lake, akiimba kwa sauti ile nzito ya koo ya morani, na kina Nelly, Ziggy na Gsan wakichana juu ya sauti hiyo. Albamu yao, Maasai Hip Hop, ilitoka mwaka 2004 na kusikika Ulaya kabla haijasikika vizuri katika baadhi ya mitaa yetu wenyewe. Wakaja Nako 2 Nako. Wakaja kina Joh Makini, Nikki wa Pili na G Nako, ambao leo nchi nzima inawajua kwa jina la Weusi. Niliona watoto wa mafundi cherehani na wauza mitumba wakisimama mbele ya watu elfu moja na kuwanyamazisha kwa maneno tu. Mtu akiliona jambo hilo akalinyamazia, amewadhulumu. Lilihitaji kuandikwa. Swali lilikuwa, na bado ni, linaandikwaje.

Katika darasa la kipaimara tulikariri Katekisimu Ndogo ya Luther, ile ya mwaka 1529, amri moja baada ya nyingine pamoja na maana zake. Amri ya nane inakataza kumshuhudia jirani uongo. Mtoto wa miaka kumi na minne anaelewa hapo kwamba asiseme uongo, basi. Lakini Luther katika maelezo yake haishii hapo. Anataka tusimsaliti jirani, tusimchafulie jina, na zaidi ya hayo tumtetee, tumseme vizuri, na kila jambo lake tulipokee kwa tafsiri iliyo njema kadiri inavyowezekana. Nilikariri sehemu hiyo bila kuisikia. Baada ya mama yule kuondoka, jioni ile, nilitafuta kitabu kile kwenye sanduku la marehemu baba nikakisoma nikiwa nimesimama. Nilikuwa na miaka thelathini na mmoja.

Kwanza nilimkatalia Luther. Nilisema moyoni: huyu alikuwa mchungaji, hakuwa mwandishi wa habari. Tukipokea kila jambo kwa tafsiri njema, nani atasema kwamba promota amekula fedha za vijana? Nani atasema kwamba msanii anampiga mkewe? Tafsiri njema ndiyo blanketi wanalojifunikia wenye nguvu. Na pingamizi hilo sijaliacha hadi leo. Nadhani lina haki yake. Lakini usiku ule nilitambua kwamba halikunihusu. Mimi sikuwa nimemfichua mwenye nguvu yeyote. Nilikuwa nimemwanika kijana wa miaka ishirini na mbili aliyekuwa na jozi moja ya viatu vya jukwaani, na sikuwa nimemwona.

Neno lililonishika lilikuwa kushuhudia. Katika makanisa yetu huku mlimani, tangu uamsho ulipopita, watu husimama na kutoa ushuhuda. Nimesikia shuhuda mamia: aliyeacha pombe, aliyepona, aliyesamehewa deni. Siku moja ikanijia kwamba sijawahi, hata mara moja, kumsikia mtu akisimama kutoa ushuhuda wa maisha ya mtu mwingine. Angesimama mtu na kusema, "Bwana asifiwe, nataka kushuhudia jinsi jirani yangu alivyokuwa mlevi," wazee wangemkalisha. Ushuhuda ni wa mwenyewe. Unasema lililokupata, uliloliona, ulipokuwa umesimama lilipokukuta. Waislamu wa Levolosi niliokua nao wanaishikilia maana hiyo vilevile: shahidi ni aliyekuwepo, na Sura ya Hujurat inamfananisha msengenyaji na mtu anayekula nyama ya ndugu yake aliyekufa. Rafiki yangu mmoja, mpiga picha, alikuwa akinikumbusha kwamba msengenyaji huyo hatiwi hatiani kwa uongo. Wanachuoni wanasema ghiba ni kumsema mwenzio kwa jambo analolichukia hata kama ni kweli. Likiwa la uongo lina jina jingine, na dhambi yake ni kubwa zaidi.

Basi kazi yangu yote ilikuwa imejengwa juu ya jambo ambalo dini mbili za mtaa wetu zinalitilia shaka: kushuhudia maisha ya mwingine. Je, inawezekana? Mtu anaweza kweli kuwa shahidi wa maisha yasiyo yake?

Nilikwenda kuwatafuta wale watu wangu wawili. Wa kwanza aliuza kaseti karibu na Mnara wa Saa. Nikamuuliza, "Wewe ulimwona akivuta?" Akasema hapana, aliambiwa na kijana wa spika. Wa pili alikuwa dereva wa kifodi cha Sanawari. Nikamuuliza vilevile. Akasema hapana, aliambiwa na kijana wa spika. Nikamfuata kijana wa spika. Yeye alikuwa ameona: aliona mtu akianguka, macho yakigeuka, povu likitoka mdomoni, mguu mmoja ukipigapiga sakafu ya mbao. Hayo ndiyo aliyoyaona, nayo yote yalikuwa kweli. Neno "unga" aliliongeza mwenyewe, maana alihitaji kuwapa wenzake sababu. Watu wangu wawili walikuwa mdomo mmoja, na mdomo huo ulikuwa na jicho lililoona vizuri na ulimi uliotangulia mbele ya jicho.

Tuna methali inayosema lisemwalo lipo, kama halipo laja. Nimeitumia mara nyingi kama mto wa kulalia. Siku hizi naiogopa. Lile neno la unga halikuwepo, na lingekuja kweli, kwa sababu yangu: kijana aliyeitwa teja na gazeti, akakimbiwa na mapromota, akaanza kukaa na mateja kwa kuwa ndio pekee wasiomuuliza swali. Alikaribia sana. Mama yake ndiye aliyemtoa, si mimi.

Watu wa magazeti pendwa wana jibu lao, nami nililitumia pia: staa amejianika mwenyewe. Anaishi kwa jina lake, analiuza kwenye mabango, na akikosa kuandikwa wiki tatu anapiga simu kulalamika. Ni kweli anapiga simu, wamenipigia wengi. Ila anayeuza mkungu wa ndizi sokoni Tengeru hajauza mgomba, wala hajauza shimo alilouchimbia. Msanii ameuza wimbo, na sura yake ya jukwaani, na jina alilojipa. Jina alilopewa na mama yake bado liko nyumbani, na hatujalilipia.

Miongoni mwa waliofanya kazi hii kabla yetu, ninayemrudia mara nyingi ni Shaaban Robert. Wengi wanamjua kwa mashairi na Kusadikika, lakini aliandika pia wasifu wa mwimbaji maarufu kuliko wote wa zama zake, Siti binti Saad. Siti alizaliwa Fumba, Unguja, mwaka 1880, akaitwa Mtumwa. Familia yake ilikuwa ya wafinyanzi naye aliuza vyungu. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi santuri, na sauti yake ikaenea pwani yote. Hakukosa wa kumdhihaki: kwa asili yake, kwa sura yake, kwa umaskini alikotoka. Magazeti pendwa yangekuwepo wakati ule, angeuzwa kila Ijumaa. Shaaban Robert alifanya nini? Alimwendea. Alimhoji mwenyewe katika siku zake za mwisho, kabla hajafariki mwaka 1950, na kitabu kilipochapwa mwaka 1958 kilikuwa kitabu cha mtu aliyekaa mbele ya mtu mwingine akamtazama. Anamsifu sana, wengine watasema kupita kiasi. Mimi sioni kasoro hapo. Yalikuwepo maneno ya kutosha ya kumdunisha. Yeye akayapokea maisha yake kwa tafsiri njema, Mwislamu wa Tanga akitimiza jambo ambalo mimi Mlutheri nilikuwa nimelikariri bure.

Tena tafsiri njema ya Shaaban Robert haikuficha kitu. Umaskini umo, vyungu vimo, dhihaka zimo. Tofauti ni kwamba mwanamke mwenyewe ni mkubwa kuliko yaliyompata. Nadhani hapo ndipo Luther na mwandishi wa habari wanapoweza kukutana. Kumpokea mtu kwa wema ni kukataa kumfanya awe mdogo kuliko alivyo. Habari yangu ya mwaka 2003 ingekuwa mbaya hata kama kijana angekuwa kweli anavuta, kwa sababu nilimwandika kana kwamba alizaliwa usiku ule jukwaani na kuanguka ndiyo kazi aliyoijia duniani.

Mara nyingine kumpunguza mtu kunaua kabisa. Edward Saidi Tingatinga, ambaye tangu mwisho wa miaka ya 1960 alichora chui na ndege kwa rangi za mafuta kwenye vipande vya ubao pale Dar es Salaam, aliuawa kwa risasi mwaka 1972 na polisi waliodhani ni mwizi anayekimbia. Alikuwa na miaka arobaini. Leo ukitembea kwenye maduka ya vinyago hapa Arusha, michoro ya Tingatinga imepangwa kama khanga, na mtalii anauliza "Tingatinga shilingi ngapi?" akifikiri ni jina la aina ya kitu. Risasi ilimwona mwizi, dukani wanaona aina ya picha. Mtu amepita katikati.

Jina kubaki bila mtu, hilo linanisumbua kuliko kashfa. Matamasha yetu makubwa yalikuwa yakifanyika Uwanja wa Sheikh Amri Abeid. Nimesimama pale miaka mingi na daftari langu, nikisikia vijana wakigombana nani ana vina vikali zaidi, na hakuna hata mmoja aliyejua kwamba mtu ambaye uwanja huo umepewa jina lake, aliyefariki mwaka 1964 akiwa waziri, ndiye aliyeandika kitabu cha sheria za kutunga mashairi, kilichochapwa mwaka 1954. Walikuwa wanahesabu vina ndani ya nyumba ya mwalimu wa vina. Jina lake hutajwa Arusha kila siku ya mechi. Yeye mwenyewe hatajwi.

Mchungaji John Mbiti wa Kenya, katika kitabu chake cha mwaka 1969 juu ya dini na falsafa za Kiafrika, alichukua maneno yetu mawili, Sasa na Zamani, akayatumia kueleza wafu wanakokwenda. Aliyekufa, anasema, bado yumo katika Sasa maadamu yuko hai mtu aliyemjua na kumkumbuka kwa jina. Akifa wa mwisho aliyemjua, marehemu anazama katika Zamani. Nilipokisoma nilijiuliza: na staa je? Mwigizaji wa filamu Steven Kanumba alipozikwa Kinondoni Aprili 2012, watu walijaa barabarani, na hapa Arusha nilikuta watu wazima wamesimama nje ya maduka ya televisheni wakilia. Mamilioni wanalijua jina lake. Je, yumo katika Sasa yao wote?

Sidhani kwamba Mbiti angekubali upesi. Kumjua mtu kwa jina, kama anavyokueleza yeye, ni kumjua na kikohozi chake. Sisi tunaomjua staa kwa gazeti tunajua picha. Kwa hiyo mtu maarufu anaweza kuzama katika Zamani akiwa bado hai: wanaolitaja jina lake ni wengi, wanaomjua ni wawili au watatu, na hao hawaulizwi. Kama kazi yangu ina faida yoyote ni hii, kuongeza idadi ya waliomwona, angalau mmoja, aandike alivyokuwa anakaa, alivyokuwa anakunja karatasi ya mistari yake, alichokula kabla ya kupanda jukwaani. Nina madaftari arobaini na moja. Ninapoyafungua siku hizi naruka kurasa za nani kagombana na nani, natafuta mistari kama huu wa mwaka 1999: "Kabla ya kuanza anafuta maiki kwa kofia yake, hata kama ni ya kukodi."

Bibi yangu mzaa baba, Mwarusha, alikuwa hatamki jina la marehemu wa ukoo. Alisema "yule wa shamba la juu," "mama yao wale," na watoto tukaelewa. Nilipoanza kuandika kwenye magazeti alikuwa bado hai, akaniuliza kazi yenyewe ni nini. Nikamwambia nataja majina ya watu, na wakifa nayataja zaidi. Alifikiri muda mrefu, akisafisha maharage. Akasema, "Mdomo ambao haukulia usiite." Nilidhani ni ushamba. Sasa naona kwamba yeye na Mbiti, ambao juujuu wanapingana, mmoja akitaka jina litajwe na mwingine akitaka linyamaziwe, wanalinda mlango ule ule: jina lina wenyewe, na wenyewe ni wale waliokuwepo.

Nelly wa X Plastaz aliuawa kwa kisu mwaka 2006. Simu zilianza kuingia kutoka Dar es Salaam kabla hata sijafahamu vizuri: ilikuwaje, nani, walikuwa wanagombea nini. Nilikuwa na maneno masikioni tayari, Arusha ni mji mdogo. Nikajibu kwamba sikuwepo. Mhariri mmoja akaniambia, "Kwani kazi yako ni kuwepo?" Nikamwambia ndiyo. Nikaandika yale niliyoyaona kwa macho yangu kwa miaka kadhaa, alivyokuwa jukwaani na wenzake, na watu walivyosimama alipoanza kuchana. Aliyetaka habari za kisu alizipata kwa wengine, tele. Ile yangu ilitoka ukurasa wa kumi na nne bila picha.

Sisemi kwamba mwandishi asiandike asichokiona kwa macho yake mwenyewe. Ingekuwa hivyo, promota mwizi angekuwa salama daima, na wanawake wengi wanaoonewa nyuma ya milango wasingepata wa kuwasemea. Nasema afuate habari hadi kwenye jicho. Asiridhike na mdomo, hata midomo kumi. Akishafika kwenye jicho amsikilize mwenye jicho, atenge alichoona na alichoongeza, na amwambie msomaji ni jicho la nani. Ni kazi ndefu, hailipi vizuri, na sasa ambapo kila mtu ana simu mkononi na video ya mtu akianguka inafika Mwanza kabla mwenyewe hajainuka, inaonekana kama ujinga. Mpwa wangu ana wafuasi wengi kuliko nakala zote za gazeti nililoandikia. Namuuliza lile swali la mama yule kila anaponionyesha kitu. Ameanza kulichoka, na mimi sitaacha kumuuliza.

Mama yule alifariki mwaka 2019, masika tena. Kijana wake, ambaye sasa ni mtu mzima na ana fremu ya kuchomelea vyuma, alinipigia simu usiku. Alitaka niandike historia fupi ya marehemu, ile inayosomwa kabla ya jeneza kushushwa. Nikamwambia sistahili. Akasema, "Kaka, wewe ndiye mwandishi pekee aliyewahi kukaa naye."

Nilikwenda msibani siku mbili kabla ya mazishi. Nilikaa jikoni na wale akina mama waliopika loshoro naye miaka thelathini, nikakaa na dada yake, nikauliza kila kitu kwa walioona. Usiku wa pili kijana alinivuta pembeni, chini ya mgrivea, akaniambia niandike na ugonjwa wake. "Mama alinificha miaka yote. Sasa sina wa kunificha." Nikamuuliza mara tatu kama ana hakika. Haya ninayoyaandika hapa pia ameyasikia, akaruhusu, kwa sharti nisimtaje jina.

Mchungaji aliniita nisome. Karatasi ilikuwa moja na nusu. Nilisoma mwaka aliozaliwa, wazazi wake, ndoa, watoto sita, wawili waliotangulia. Nikafika kwenye mstari usemao kwamba mwaka 2003 marehemu alimfuata mwandishi mmoja wa magazeti hadi nyumbani kwake Sekei kumtetea mwanawe aliyekuwa mgonjwa. Kwenye karatasi sikuwa nimesema mwandishi huyo ni nani. Nikanyamaza. Watu wakainua vichwa wakidhani nimeshindwa kusoma kwa ajili ya mvua iliyokuwa imeanza kudondoka juu ya wino. Nikasema, "Ni mimi."

Hakuna aliyesema neno. Kijana alikuwa amesimama upande wa pili wa kaburi na koleo mkononi. Akanitikisia kichwa niendelee, nikaendelea: kwamba alilima kahawa na migomba hadi mwaka wake wa mwisho, kwamba aliimba sauti ya pili katika kwaya ya akina mama, na kwamba hakuingia nyumba ya mtu kabla ya kuondoa tope kwenye viatu vyake.